Mtaa wa Tanga Ndani ya Studio

Jumatatu, 7 Mei 2007
Tumepaka ukuta wa duka la kona mara ya tatu. Bi Halina hataki rangi mpya, anataka iliyopigwa jua. Mpolandi, miaka arobaini katika kubuni mandhari za filamu. Alianza kama kibarua wa kuchemsha gundi ya kuchanganyia rangi. Nililetwa nimtafsirie Kichina tu, masomo yangu ya usanifu majengo yakiruhusu. Sasa ananiuliza kila kitu. Fundi cherehani hukaa wapi? Barazani, nikamwambia. Akaihamisha cherehani mwenyewe. Filamu ni ya daktari wa Kichina aliyehamia Tanga. Tanga yetu, hapa Guangzhou. Najivuna.

Jumatano, 9 Mei
Mtayarishaji amekuja. Wote humwita laoban, yaani bosi. Kazunguka dakika tano. Eti hii si Afrika. Anataka vibanda vya nyasi na mafuvu ya nyati. Nikatafsiri neno kwa neno. Kwa mdomo wangu mwenyewe! Bi Halina akauliza kama kwetu Tanga mjini kuna vitu hivyo. Sijawahi kuviona, nikasema. Akakataa palepale.

Ijumaa, 11 Mei
Laoban kawatangazia mafundi kwamba mimi, Mwafrika, nimevikubali vibanda. Hakuniuliza! Aliniona natafsiri, basi. Wakaanza kubomoa. Bi Halina akanitazama kana kwamba nimemsaliti. Hilo ndilo lililoniuma.

Nikapanda barazani, nikasema kwa Kichina wote wasikie: "Sikukubali chochote. Nimezaliwa mtaa kama huu. Mnachotaka kujenga ni uongo."

Nimefukuzwa kazi. Kisha laoban akamgeukia Bi Halina: ajenge vibanda, la sivyo jina lake halitaonekana kwenye filamu. Filamu yake ya mwisho kabla ya kustaafu. Bi Halina akaniomba nimtafsirie jibu lake.

"Mwambie alitoe jina langu. Leo hii."

Nikamwambia. Nyundo hazikusimama hata kidogo. Washenzi.

Jumapili, 13 Mei
Mvua. Nimemsindikiza Bi Halina hadi basi la uwanja wa ndege. Filamu hakuitaja. Aliuliza nimebakiza miaka mingapi chuoni. Miwili. Akaitikia kwa kichwa, akapanda.

Nimerudi bwenini. Nimeuchora mtaa wote upya, duka kwa duka, kwa vipimo. Jina lake nimeliandika juu. Langu chini yake.