Siku Thelathini na Moja Zisizo na Nyota

Jumapili, mtaa wa Yoba. Jua la kiangazi, vumbi mpaka kwenye kope, na mimi nazunguka humu ndani nikitabasamu peke yangu.

Acha niandike kabla furaha haijapoa. Kalenda yangu imekamilika.

Kwa anayepita hapa mara ya kwanza: nafundisha Kiswahili hapa Gitega, Burundi, na kwa miaka minne nimekuwa nikiandika riwaya ya nchi ambayo haipo. Naiita Mirembwe. Anga ya Mirembwe haina mwezi, kwa hiyo watu wake huhesabu majira kwa nyota. Niliwachorea makundi kumi: Jembe, Kinu, Ngoma, Mzinga wa Nyuki, Ng'ombe wa Pembe Ndefu na mengineyo. Kundi jipya likichomoza mashariki kabla ya mapambazuko, majira mapya yameanza. Aliyezaliwa chini ya Kinu huitwa mtoto wa Kinu mpaka siku anayozikwa.

Nilijivunia kalenda hiyo mapema mno, nakiri.

Wiki tatu zilizopita nilimpa Spès daftari asome. Spès anafundisha hisabati shuleni kwetu, mzaliwa wa hapahapa, na hana desturi ya kusifu bure. Aligundua kwamba katika sura ya kwanza nimesema mwaka wa Mirembwe una siku mia tatu sitini. Makundi yangu yote kumi, ukiyajumlisha, yanatoa mia tatu ishirini na tisa.

“Donc, basi, siku makumi tatu na moja haziko na nyota,” aliniambia. “Mtu akizaliwa hapo, we utamuita nani?”

Alinishauri kila kundi niliongezee siku tatu, na moja inayobaki niiongeze kwenye Jembe. Nilijaribu. Hesabu ilikubali, lakini hadithi ilikataa: sherehe ziliangukia msimu wa mvua, na msichana aliye mhusika wangu mkuu akafika mwisho wa safari kabla hajaondoka kwao. Kibaya zaidi, nilikuwa nimeshaahidi kuisoma kalenda hiyo mtaani Magarama, ambako wapenda vitabu kama kumi na wawili hivi tunakutana katika duka la fundi cherehani. Nilifikiria kusingizia malaria.

Badala yake nilikwenda kijijini Gashoho kumsaidia mama kupiga maharagwe.

Mama hajui kusoma. Kazi yangu huiita “madaftari yako”, kwa sauti isiyo nzuri wala mbaya. Lakini aliniona sina raha, akauliza kuna nini. Basi nikachora duara kwa kijiti kwenye ua alioufagia, nikapanga punje za maharagwe kuwa nyota, kundi baada ya kundi, nikamwonyesha mahali palipobaki wazi.

Akapaelekeza kidole.

“Hapa ndipo ulipozaliwa wewe,” alisema.

Nilidhani hajaelewa. Kumbe ameelewa kuliko mimi.

Kitambulisho changu kinasema tarehe moja Januari, kama vya nusu ya watoto niliosoma nao katika kambi ya wakimbizi Tanzania. Nilijua ni tarehe ya kubuniwa na karani wa kambi. Kilichokuwa nyuma yake sikuwahi kuuliza. Mama alinisimulia huku mikono yake ikiendelea kuchambua maharagwe. Walikimbia vita yeye akiwa na mimba yangu. Walitembea gizani, mchana wakajificha, na mimi nikazaliwa katika shamba la mtama kabla ya mpaka. Hakuna aliyekuwa akihesabu siku. Karani alipomuuliza tarehe na yeye asiijue, alijiandikia yake. Miaka yote hii mama ameona aibu, kama mzazi aliyepoteza kitu cha mtoto wake.

Nilimweleza ule ushauri wa kugawa siku zile kwa makundi mengine. Akatikisa kichwa.

“Usizibe hapo, mwanangu. Watu wa njiani nao wana siku zao.”

Sikuziba.

Sasa sheria ya Mirembwe ni hii. Majira ya Kinu yakiisha, kwa siku thelathini na moja hakuna kundi linalochomoza. Hizo ni Siku za Njiani. Anayezaliwa humo si mtoto wa nyota yoyote. Akishakuwa mtu mzima husimama mbele ya watu, akachagua siku yake mwenyewe katika mwaka mzima, na hakuna anayeruhusiwa kumpinga.

Jana nilisoma Magarama. Nilipofika kwenye Siku za Njiani, Mzee Rajabu, mwenye duka, aliniomba nirudie. Kisha akauliza kama mtu aliyezeeka tayari bado anaweza kuchagua. Nikamjibu kwamba Mirembwe haina kuchelewa. Akasema basi yeye anachukua siku aliyolifungua duka hili upya. Mama mmoja akataja siku alipovuka kurudi nyumbani. Kumbe mle ndani tulikuwa wanne wenye tarehe moja Januari, na hatukuwahi kuambiana.

Spès alikuwa akijumlisha pembezoni mwa daftari lake. “Iko sawa,” alisema. Kwa Spès, hiyo ni diploma.

Leo baada ya misa nimempigia mama. Nakala ya kalenda niliyomchorea kwenye karatasi kubwa kabla sijaondoka kwake ameibandika ukutani, karibu na mlango. Jirani alimuuliza ni kalenda ya nchi gani.

“Nimemwambia ni ya nchi ya binti yangu,” alisema mama, na sikuwahi kumsikia akitamka kitu kwa madaha namna hiyo.

Halafu akauliza kama nimeshachagua siku. Nikamwambia achague yeye, ndiye mwenye haki. Akakataa. Alisema kuzaa alizaa yeye, siku nichague mwenyewe.

Nimefikiri mchana kutwa.

Nachagua jana.