Shabu na Ndimu

Jumatano, 10 Septemba 2025

Nesi wa Korogwe kasema niandike kila siku. Vikombe vya maji, na mara ngapi nimeenda chooni. Haya. Maji: vikombe viwili, cha pili sikumaliza. Choo: mara kumi na moja. Matone tu! Na kila tone linachoma kama pilipili. Ni ile UTI, mara ya nne tangu mwaka uanze. Mtaani wanaiita UTI sugu.

Nesi anaitwa Evodia, umri wa mimi kumzaa. Kaniuliza miaka — hamsini na nne. Kazi — nauza vitenge hapa Handeni, na ni kungwi, nafunda wali wanaoolewa. Hapo akainua macho. Akauliza dawa. Nikamwambia ukweli: nanunua sipro duka la dawa, nameza tatu, maumivu yakikata naweka zilizobaki kwa ajili ya siku nyingine. Nilidhani atanisifu kwa kubana matumizi. Wapi!

Mkojo wangu wanauotesha. Waone mdudu gani ataota na anakufa kwa dawa ipi. Kuotesha mkojo kama mahindi! Nirudi Jumatatu.

Alhamisi, 11 Septemba

Maji: vinne. Choo: nane.

Mashavu kaja dukani, kaniletea habari kabla hajakaa. Binti yake, aitwaye Afisa, anaolewa Ijumaa ya tarehe 26. Anataka nimfunde mimi, si mwingine. Kasema nilivyomfunda Ikram, mtoto wa kaka yangu, mpaka leo watu wanamsifia. Nimekubali. Nitakataaje? Mimi na Mashavu tumekaa dawati moja tangu darasa la kwanza.

Nimehesabu usiku wa leo. Wali thelathini na mmoja. Afisa wa thelathini na mbili.

Jumatatu, 15 Septemba

Siku ndefu, acha niandike yote.

Majibu yametoka. Karatasi ina orodha ya dawa na mbele ya karibu zote herufi R. Evodia kasema R maana yake mdudu hashtuki. Sipro — R. Amezizoea, maana nimekuwa nikimlisha nusu nusu. Zimebaki dawa mbili zinazomtisha. Kanipa vidonge vya njano, siku tano, baada ya chakula, nisibakize hata kimoja. Na kwa kuwa hedhi imeshakatika, daktari ataniandikia dawa ya kupaka, maana umri huu kule kunakauka na wadudu wanapata njia.

Mpaka hapo tulikuwa tunapatana. Kisha kauliza: mama, unajisafishaje?

Nikamjibu kwa maringo, kazi yangu naijua. Sabuni na kidole mpaka ndani. Kisha maji ya ndimu. Kisha shabu iliyosagwa, lile jiwe jeupe, ili pakaze. Asubuhi na jioni. Ndivyo nilivyofundwa, ndivyo ninavyofunda.

Akaweka kalamu chini.

Kasema ndani kunajisafisha kwenyewe. Kuna vijidudu vyema vinavyolinda, na ndimu na shabu zinaviua, zinachubua, basi wadudu wa nyuma wanasogea mbele na kupanda hadi kwenye kibofu. Nje tu, maji matupu. Kuchamba, mkono utoke mbele uende nyuma. Mkojo ukija usibane. Ukitoka kwa mume, kakojoe. Maji yanywewe.

Nikapandwa na hasira. Nikamwambia wewe binti wa huko milimani Lutindi, mambo ya unyago utayajulia wapi? Hakukasirika. Kasema hata kwao mabibi walimfundisha, na yeye mwenyewe aliugua miaka miwili kabla hajaacha.

Nikachukua vidonge vyangu nikaondoka bila kuaga. Mimi! Kufundwa na binti!

Jumanne, 16 Septemba

Maji: vinane. Choo: saba. Haichomi.

Nimenuna kutwa nzima. Mume wangu, Baba Faraji, kauliza chakula kiko wapi, nikamwambia kiko sokoni. Namfikiria somo wangu aliyenifunda, Mungu amrehemu. Hakuwa mwongo yule bibi. Alinipa alichopewa.

Lakini yeye hakuambiwa. Mimi nimeambiwa.

Jumamosi, 20 Septemba

Dozi imeisha jana, kidonge cha mwisho nimemeza mbele ya Baba Faraji awe shahidi. Nilikuwa na furaha.

Leo mchana Muhidini, mume wa Ikram, kapiga simu kutoka Mnyuzi. Ikram kalazwa Korogwe. Homa kali, mgongo, kutapika. UTI imepanda kwenye figo. Na ana mimba ya miezi mitano!

Sikuandika maji. Sikumbuki kama nilikunywa.

Jumapili, 21 Septemba

Nimemkuta kaegemea mto, midomo imekauka, dripu mkononi. Homa inashuka. Mtoto anacheza, nimeweka mkono nikasikia mwenyewe. Alhamdulillahi.

Kasema hii ni mara ya tano tangu aolewe. Mama mkwe wake hupita akisema tuliwaozesha mgonjwa. Halafu akanong'ona: shangazi, lakini mimi nafanya kama ulivyosema. Kila ikirudi naongeza. Siku hizi naosha mara nne.

Yarabi. Nikakumbuka. Mwaka jana alinipigia, mara ya kwanza, analia kwamba mkojo unamchoma. Nilikuwa napima kitenge cha mteja, simu nimeibana begani. Nilimwambia hujajisafisha sawasawa, ongeza shabu. Nikakata simu nikaendelea kupima.

Ningeweza kunyamaza. Evodia angemwambia tu siku ya kutoka, na jina langu lisingetajwa. Niliwaza hivyo kweli, sitajidanganya katika daftari langu mwenyewe. Kisha nikamwambia. Yote, na ile simu. Nikamwambia ni mimi, mwanangu.

Nilingoja anilaumu. Akasema: kwa hiyo mimi si mchafu?

Basi, hilo tu. Mwaka mzima na nusu mtoto anajiona mchafu, anajisugua, anaungua, anajiona mchafu zaidi. Nimetoka koridoni nimelia mpaka mlinzi kanipisha kwenye kiti chake.

Nilipomuaga kasema niwaambie na wengine, hata kwa jina lake.

Jumanne, 23 Septemba

Maji: vitatu. Choo: nne. Najua!

Nimemwambia Mashavu. Afisa yuko ndani tangu Ijumaa, mwali kamili, haonekani na watu. Tulikaa uani tunachambua mchele. Nikasema mwaka huu nafunda yote ila kuosha ndani. Nikamweleza kwa nini.

Akacheka kwanza. Kisha hakucheka tena. Kasema tangu lini nimekuwa daktari? Wanawake wanakuja Alhamisi alasiri kumsikiliza mwali, kila somo analoulizwa alijibu. Hilo la kuosha akilikosa, watasema binti wa Mashavu kaenda kwa mume hajafundwa. Kasema yeye kaosha miaka thelathini na hajafa. Kasema mimi nimezeeka, naogopa.

Nikasema basi, yaishe. Kwa sauti ndogo kabisa. Ikram kalazwa Korogwe na mimi nasema yaishe! Nimejiona mnafiki.

Alhamisi, 25 Septemba

Naandika nikiwa benchi la zahanati, saa kumi na nusu.

Asubuhi niliingia kwa Afisa. Nilikuwa nimeamua kumfunda nijuavyo sasa, na maswali ya wanawake nitayajibu mimi. Tukaanza vizuri, mtoto ana akili, ana utani. Akaomba kwenda chooni. Akarudi. Akaomba tena. Mara ya tatu nikamfuata kwa macho. Anatembea kajibana, mkono chini ya kitovu. Kufika mara ya tano nikamshika paji la uso. Moto.

Nikamuuliza tangu lini. Akainama. Kasema tangu jana, ila asiambiwe mama. Mama kamwanzishia shabu na ndimu tangu Jumanne usiku, asubuhi na jioni, na maji kapunguziwa, mwali asiwe wa kutoka toka nje. Panawasha sana, lakini mama kasema ndivyo inavyofanya kazi.

Jumanne usiku. Baada ya mimi kusema yaishe.

Nikaenda jikoni nikamwambia Mashavu mtoto ana homa, apelekwe zahanati. Mbele ya wapishi akanijibu: mwali hatoki mpaka kesho, hata nyumba iwake. Homa ni hofu ya harusi, wote tuliipata.

Sikubishana. Nilirudi ndani, nikamvisha Afisa baibui langu na nikabu, nikajifunga khanga mbili, tukatoka mlango wa uani. Bajaji. Miaka ishirini ya ukungwi, leo nimemtorosha mwali!

Ameshatoa mkojo, tunangoja kipimo. Kalala na kichwa mapajani kwangu, anakunywa maji kidogo kidogo. Kauliza kama harusi itavunjika. Nimemwambia sijui. Kauliza kama yeye ana kasoro. Hilo nimemjibu haraka: huna, mwanangu, huna hata chembe.

Simu imeita mara sita. Wanawake wamefika, wamefungua chumba, mwali hayupo. Najua wanavyofikiri mwali akikosekana siku moja kabla ya ndoa. Wanafikiri mwanamume.

Sasa Mashavu kaleta ujumbe: Pokea simu. Ndugu wa bwana harusi nao wapo. Nitaweka spika utueleze sote mwanangu yuko wapi.

Naandika kwanza nijue pa kuanzia. La ugonjwa wa Afisa sitalitaja, ni lake. Nitasema yuko na mimi, hajaguswa na mtu. Kisha la kwangu: mara nne, na karatasi yenye R. Kisha Ikram, kwa jina, kaniruhusu. Kisha ile simu niliyoibana begani. Katika wale wanawake waliokaa mkekani kuna niliowafunda, kama tisa hivi. Nao huenda wanajiona wachafu.

Nesi anaita jina la Afisa. Simu inaita. Afisa kainuka mwenyewe, kaniambia nibaki nipokee.

Nimepokea, nimeanza kwa kusema yuko na mimi; Mashavu anauliza, spika iko wazi, au aizime?

Nimemwambia aiache wazi.