Kengele Mahali pa Jina

Jumatatu, 4 Agosti 2003. Kitengela

Tena kware, kwenye machimbo ya mawe. Nimerekodi nyundo za wachonga mawe tangu asubuhi, na upepo umeniharibia nusu. Sijali. Picha niko nazo: shimo jeupe, lori, vumbi. Hapa ndipo marehemu baba alichunga ng'ombe, mimi nikimfuata nyuma. Siku hizi kila mtu anapaita Kware tu. Ati Kware! Filamu yangu itawakumbusha palikuwa pa nani. Jumamosi naionyesha Kajiado, ukumbi wa kanisa. Ni kazi nzuri, na sisemi kwa kujigamba. Haya, najigamba kidogo.

Jumatano, 6 Agosti. Kajiado

Nimemletea mama yangu, Yeyo, filamu aone kwanza. Hajawahi kunisifu, nikasema leo atashindwa kujizuia. Inaanza na sauti yangu ikitaja jina la baba. Inalitaja tena na tena, hadi mwisho. Mara ya pili tu, Yeyo akasimama akatoka nje.

Kwetu Wamaasai, aliyekufa hatajwi jina. Najua hivyo tangu utotoni. Nilidhani filamu ni kitu kingine. Kumbe mdomo ni mdomo.

Amesema Jumamosi haji.

Alhamisi, 7 Agosti

Nimekasirika. Nikitoa jina, nini itabaki? Shimo na lori. Baba atakuwa amefutwa kabisa. Nikiliacha, Kajiado nzima itaiona filamu isipokuwa mtu mmoja ninayemtaka. Nimekunywa chai sufuria nzima. Sijakata hata kipande.

Ijumaa, 8 Agosti

Nimerudi kwa Yeyo.

"Takwenya," akanisalimu, baridi kabisa.

"Iko," nikaitikia Kimaasai.

Sikubishana. Nikamuuliza, "Yeyo, wewe ukimkumbuka unasemaje?" Akaangalia tu kengele ya maksai aliyekuwa akiongoza ng'ombe wa baba. Imening'inia mlangoni tangu baba azikwe. Miaka yote naigonga na kichwa nikiingia! Jioni tulikuwa tunaisikia kabla ya kumwona baba, na Yeyo anaweka chai motoni.

Nikaitoa, nikaitikisa mbele ya maikrofoni.

"Wacha! Hiyo ni kengele ya shule?"

Akaninyang'anya. Akaifunga shingoni mwa maksai wake mwenyewe, akamswaga polepole kwenye nyasi, mimi nyuma na hedifoni masikioni. Nililia, na sioni haya. Sijawahi kurekodi kitu kizuri hivi.

Kila mahali palipokuwa na jina nimelikata, nikaweka kengele. Sasa filamu imekaa sawa. Sikumuuliza kama atakuja. Niliogopa jibu.

Jumapili, 10 Agosti. Kitengela

Nimefua nguo. Nimelala mchana.

Jana ukumbi ulijaa. Yeyo alikuja na shuka yake nzuri, akakaa mbele, mkoba ameuweka kwenye kiti cha kando. Hakuniangalia. Taa zikazimwa. Kware ikatokea ukutani, lori, vumbi. Halafu kengele, ikitoka mbali, ikikaribia. Wazee wawili wakageuka wakaangalia mlango, kana kwamba mwenye ng'ombe amefika.

Yeyo akautoa mkoba kwenye kiti, akauweka miguuni. Nikajua amenisamehe. Nikaenda haraka nikae.

Akanishika mkono.

"Si wewe, Naserian. Kaa kule."

Nikaenda nikakaa kule.