Kisu cha Mdogo Wetu

Kaka mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe, wifi na watoto. Sisi huku hatujambo. Mgongo wa mama unamsumbua asubuhi, lakini akishakunywa chai anawasema majirani kama kawaida, basi tunajua yuko salama. Cherehani yangu inakata uzi kila saa, ila inanilisha.

Salamu zako nimezipata, na matusi uliyoyafungasha humo nimeyapata pia. Umesema nimemfunga ndugu yangu kwa mdomo wangu mwenyewe. Nakujibu kwa barua kwa sababu simu ungenikatia.

Tangu ulipompa shemeji yako bucha la marehemu baba bila kutuuliza, mdogo wetu Kidole, aliyekuwa akikata nyama humo, alikuwa anashinda nyumbani akiutazama ukuta. Siku ile askari wa stendi walimteremsha kwenye basi la kuja huko kwenu, wakamkuta na kisu cha kuchunia ndani ya mkono wa koti. Hakuwa amemgusa mtu. Lakini hakimu alieleza kwamba sheria haisubiri damu: ukikutwa na kisu mahali pa watu bila sababu halali, umeshakosa, na adhabu inaweza kufika mwaka mmoja jela. Mtu anayekwenda kazini na chombo chake cha kazi, huyo huachiwa.

Basi Kidole akasema amepata kazi kwenye bucha la huko mjini kwenu. Wakili wake akanivuta pembeni kwenye korido, akaniambia nithibitishe hilo tu na jioni tungekula naye nyumbani. Mama akasema Mungu ameshatusaidia. Nikaingia, nikaapa, nikaulizwa, nikajibu kwamba sijui kazi yoyote aliyoipata. Hakimu akampa miezi tisa. Tangu hapo mama hasemi na mimi. Akitaka chumvi, anaiomba meza.

Najua ulitaka niseme ndiyo, yaishe. Na kusema kweli ingekuwa rahisi, maana hata mwendesha mashtaka alikuwa anapiga miayo.

Sasa sikiliza, kaka, kwa maana hili sijamwambia mtu. Asubuhi ile nilimwona akitoka. Unajua mwenyewe, muuza nyama haendi kazini na kisu bila aproni na kinoo. Baba alikuwa radhi kurudi nusu ya njia kwa ajili ya kinoo. Kidole aliviacha vyote mezani. Nikamkumbusha. Akaniambia, kwa upole kabisa, kwamba kazi anayoiendea haihitaji kunoa mara mbili. Kisha akaniuliza kama bado unalala chumba cha uani.

Wahenga walisema mtoto akililia wembe mpe. Mimi moyo ulikataa. Aliyewapigia simu askari wa stendi ni mimi. Niliogopa, kaka, nikakaa kwenye cherehani nikashindwa hata kutunga uzi kwenye sindano.

Mahakamani hakuna aliyeniuliza alikuwa anamwendea nani, nami sikusema. Wangejua, tusingekuwa tunahesabu miezi. Na ningesema ana kazi, angepewa kisu chake na kupanda basi la jioni.

Kwa hiyo unaponitukana, unitukane ukiwa unajua. Wewe ulimnyang'anya kazi, na ile kazi ndiyo ingemtoa mahakamani. Nenda ukamwone gerezani. Mrudishie bucha kwa mdomo wako mwenyewe, shemeji yako atanuna, atazoea. Mimi nimemfunga ndugu mmoja ili nisimzike mwingine, na inaniuma kila nikitandika kitanda chake. Mara ya pili siwezi.

Wifi mpe salamu zangu, watoto wabusu. Usinijibu kwa barua. Njoo.

Wako wa tumbo moja,
Fundi Cherehani