Koti Lisilopoa

Jumatatu, 6 Oktoba
Ngozi za mbweha kutoka Kanada zimefika. Nimezipiga brashi, nimezitundika. Wateja wa hapa mjini Laurel wameanza kuchukua makoti yao ya manyoya, tuliyowatunzia kwenye chumba baridi msimu wa joto. La Bi Harriet halina wa kulichukua, alifariki Machi. Nimelishika ili nilisogeze. Ndani lina joto, kama la mtu aliyelivua sasa hivi. Kwenye chumba baridi!

Jumatano, 8 Oktoba
Bado. Mengine yote yamepoa kama samaki wa barafu. Nimemwita bosi aguse. Amegusa, amefuta mkono kwenye suruali, ameenda kupokea simu ambayo haikulia.

Ijumaa, 10 Oktoba
Bosi amempigia mwana wa marehemu, anakaa Upper Marlboro. Hataki hata kuliona. Bosi kanipa mimi, bure. Haraka mno. Nikasita, kisha nikajicheka. Mitumba tumevaa tangu utotoni Tanga, na hakuna marehemu aliyekuja kudai gauni lake. Nimefika nalo nyumbani, binti yangu Rehema kalivaa palepale sebuleni. Amependeza.

Jumanne, 14 Oktoba
Rehema halivui. Mezani nalo, anasoma nalo. Vidole vyake barafu, midomo ya kijivu. Nikimuuliza, “Mama, I’m fine.” Koti ndilo linazidi joto. Naogopa.

Jumatano, 15 Oktoba
Asubuhi nimemvua kwa nguvu. Akalia kama mama anayenyang’anywa mtoto. Sikujali. Kwetu nguo za marehemu hugawiwa watu wake kwanza. Mimi nalijua hilo tangu mdogo, na bado nimepokea koti la bure nikalipeleka kwa mwanangu. Mjinga mimi. Nimeendesha hadi Upper Marlboro, nikamkabidhi mwana wa Bi Harriet mlangoni. Alitaka kukataa. Akatia mkono ndani, akalikumbatia, akafunga mlango. Hakuniaga.

Jumapili, 19 Oktoba
Rehema amepata joto. Anakula, ananijibu ovyo. Alhamdulillahi.

Jana yule mwana wa marehemu alipiga simu dukani kushukuru. Meno yalikuwa yanagongana. Nikamwambia alivue. Nikarudia. Akasema bado kidogo, mama yake ndiyo kwanza amefika. Akauliza tu chumba kiwe na baridi kiasi gani koti lisiharibike. Nikamtajia digrii za chumba chetu baridi, mazoea ya kazi.

Akasema nyumbani kwake tayari kuko hivyo.