Kuku wa Sabato na Mume Aliyenikana

Bi Batuli mpendwa,

Nakuandikia kutoka Keumbu nikiwa na uchungu ambao sijui niutue wapi, maana nyumbani siwezi kusema, kanisani ndiko ninakoshtakiwa, na kwa mama yangu mzazi nikienda ataniambia rudi uvumilie kwa sababu hata yeye alivumilia. Naomba unisikilize mpaka mwisho, halafu kama ni kunigombeza, unigombeze.

Mimi ni Msabato na nimeolewa na Msabato, mume wangu Jethro ni mzee wa kanisa, na tunakaa boma moja na mama yake. Huyu mama ni mjane, meno yamemwisha na ana vidonda vya tumbo, kwa hivyo pilipili hawezi, nyanya nyingi hawezi, na kuku wa kienyeji wa huku kwetu unajua alivyo mgumu, alikuwa anafyonza mfupa tu halafu anaurudisha kwa sahani akisema ameshiba. Mimi nilikuwa naona na iliniuma sana, sababu nilipojifungua Ashley yeye ndiye alinipikia uji wa wimbi na kunikanda mgongo, hata mama yangu hakunifanyia hivyo.

Basi nikasoma kwenye ukurasa wako huu huu ule mchuzi wa kuku mtamu usio na pilipili, wa vitunguu vingi vilivyokaangwa mpaka vikalegea, tangawizi kidogo, manjano, bizari ya mchuzi, zabibu kavu na tui la nazi. Tui nikanunua la pakiti huko Kisii mjini, na mimi mwenyewe nikaongeza ndizi mbivu za shambani ambazo ziliyeyuka humo zikaleta utamu mzuri. Nilipikia kwenye sufuria ya umeme ambayo dada yake Jethro alitutumia kutoka ng'ambo, ile ya kupika polepole, unaweka nyama na viungo, unafunika, unaiacha usiku kucha na kuku hata awe mgumu namna gani atalainika.

Sasa Bi Batuli, sisi Sabato yetu inaanza jua likitua Ijumaa, chakula kinapikwa mapema, na wazee wa huku ni wakali, hawataki moto jikoni mpaka Jumamosi jioni. Wazo la kuwasha sufuria Ijumaa kabla jua halijatua na kuiacha ijipikie mpaka turudi kanisani lilikuwa la Jethro. Aliniambia, "Mama Ashley, wewe mkono wako umepumzika. Kazi inafanywa na stima." Tukacheka. Na swichi alikuwa anabonyeza yeye kila Ijumaa, kwa sababu soketi yetu imelegea na mimi naogopa kupigwa na stima.

Mama mkwe akala. Akala nyama, akamwaga mchuzi kwa ugali, akaniambia, "Mokamwana, hii nyama inajitafuna yenyewe." Mimi kama mke wa mwanawe sikuwahi kusifiwa hivyo katika ile nyumba. Siku moja aliniuliza kama ni ya Ijumaa nikamwambia ndiyo Mama, iliingia sufuriani Ijumaa mchana, na huo si uongo. Basi tukaendelea hivyo Sabato nyingi kwa amani mpaka ile ya mwezi uliopita.

Ijumaa hiyo stima ilipotea huku kwetu kote, ikarudi asubuhi tukiwa tumeshaenda kanisani. Tukarudi na mama mkwe na wageni wawili wa kanisa, nikafunua sufuria, nikakuta nyama bado imeshika mfupa na mchuzi ndio kwanza unaanza kuchemka. Nikamwita Jethro polepole. Akaja, akaangalia, akasema wageni wana njaa, akazungusha kidude cha kuongezea joto mpaka kwenye moto mkali. Mkono wake ulikuwa ndio umetoka pale wakati mama yake alipotokea mlangoni, akauliza, "Kuku wa Ijumaa anachemkaje leo? Nani amewasha moto siku ya Sabato?"

Bi Batuli, mume wangu alinigeukia mimi. Aliniangalia usoni akasema, "Kemuma, umewasha hiyo kitu?"

Mimi nikabaki nimeshika mfuniko, namtazama. Nafikiri nilikuwa nangoja acheke aseme ni utani. Mama mkwe akaniambia mbele ya wageni kwamba nimemlisha dhambi kwa kijiko, akatoka, na tangu siku hiyo hagusi kitu chochote cha jikoni kwangu, hata maji. Anakula kwa Nyanchoka, mke wa shemeji yangu, ambaye anampa ugali mkavu na mboga ya mabua magumu kisha anaenda zake sokoni. Amekonda, tumbo linamuuma, na wamama wa kanisa wakinipita njiani wanasema yule ndiye anamaliza mama mkwe wake.

Nimeitwa mbele ya baraza la kanisa Sabato hii ijayo, na Jethro atakuwa amekaa upande wa wanaouliza maswali. Nilipomwambia aseme ukweli alinijibu, "Beba hii, Mama Ashley. Wewe ukikemewa ni mwanamke tu amekosea jikoni, watu watasahau. Mimi nikiguswa, jina la boma lote limeharibika." Na ananiletea sabuni na mkate siku hizi, kitu hajawahi kufanya, na mimi huo mkate haunishuki.

Sasa nifanye nini? Nikisema ukweli nimemwangusha mume wangu mbele ya watu wote na nitarudi nyumba gani jioni? Nikinyamaza nitakuwa yule mwanamke maisha yangu yote, na mama mkwe anaweza kufa akiamini hivyo.

Ni mimi niliyekanwa, Keumbu.

BI BATULI ANAJIBU

Kemuma, nimekuita hivyo na majina mengine nayo nimeyabadilisha, kwa hivyo mtu yeyote wa Keumbu asinipigie simu kuniuliza ni nani.

Pole sana. Barua yako nimeisoma nikiwa nasubiri wali uive na wali ukaungua, na sijutii. Mchuzi ni wangu, nina haki ya kukasirika kama jamaa. Ndizi sikuandika, hiyo ni ujeuri wako, lakini nimeijaribu na nakubali kwamba inafaa.

Kuhusu stima kama ni moto au si moto, mimi ni Mwislamu na siwezi kukaa kitako hapa kuwaamulia Wasabato mambo ya Sabato yao. Waulizeni wenyewe wanaojua. Ninachojua mimi ni watu, na ndani ya hilo boma nimeona watu wawili waliokosa, na makosa yao hayalingani hata kidogo.

Nianze na lako, kwa sababu uliniambia nikugombeze. Umeandika kwa haraka haraka kwamba mama aliuliza kama kuku ni wa Ijumaa ukamjibu ameingia sufuriani Ijumaa, kisha ukakimbilia habari ya stima kupotea. Rudi hapo. Mtu akikuuliza chakula kimepikwa lini, hataki kujua kiliingia sufuriani lini, na wewe ulilijua hilo. Najua ulifanya kwa mapenzi, uliona bibi wa watu hana meno ukataka ale. Lakini ile Sabato ni yake. Amebaki na nini kingine, mjane wa umri huo? Ulimchagulia bila kumwambia, na hiyo ndiyo sababu ana hasira. Kwa hilo mwombe msamaha, na uishie hapo hapo. Usiombe msamaha kwa swichi iliyobonyezwa na mtu mwingine.

Sasa huyo mtu mwingine. Alitoa wazo, akawasha, akala, bila shaka akaomba kuongezewa, halafu mama yake alipouliza akamgeukia mkewe kama hakimu! Kemuma, nimejitahidi kumtafutia udhuru nimekosa. Mtu anaweza kushtuka akasema upuuzi, hutokea. Lakini akishashtuka hurudi jioni akarekebisha. Huyu jioni alirudi na kukwambia ubebe kwa kuwa wewe ni mwanamke tu. Hapo alikuonyesha jinsi anavyokuhesabu, na mkate na sabuni haviwezi kukufanya usahau ulichoonyeshwa.

Unaniuliza utarudi nyumba gani jioni. Utarudi nyumbani kwako. Hujamwibia mtu, hujamlaza mtu nje. Kama kuna mtu wa kuona haya kuingia mlangoni jioni hiyo, ni yeye.

Fanya hivi. Leo hii, siyo kesho, nenda kwa mama mkwe wako. Usibebe chakula, atadhani unamhonga. Kaa chini, mwambie mambo yote kama ulivyoniandikia mimi, na neno "Jethro" ulitamke wazi, usiseme "tulifanya". Atakufukuza, najua, wazee wana kiburi chao na huyu anacho cha kutosha, kwani kushinda na njaa kwa Nyanchoka ili kukukomoa ni kiburi pia, na ukipata nafasi nzuri siku moja mwambie Bi Batuli amesema hivyo. Akikufukuza, ondoka kwa adabu, na kesho rudi tena. Lakini asikie kutoka kwako kabla hajasikia kanisani.

Kisha mwambie mumeo mchana kweupe, akiwa ameshakula, kwamba utasema ukweli mbele ya baraza. Mpe nafasi ya kutangulia kusimama. Usimpigie kelele, usimtishe kuondoka, na mkate wake mrudishie mezani aule yeye.

Mbele ya baraza usihubiri. Sema: mimi nilipika, Jethro aliwasha, Mama hakujua. Kisha nyamaza. Wakikuuliza tena, rudia hayo hayo. Na usilie, tafadhali, kwa sababu wakiona machozi watakuhurumia haraka haraka, watakuombea, na hawatamuuliza yeye swali hata moja.

Na mama ale. Hili halitegemei baraza litasema nini. Sufuria yako iwashe Jumapili asubuhi, kuku aive taratibu mchana wote, na jioni mpelekee bakuli likiwa moto. Jumapili haina ubishi na mtu. Akikataa bakuli la kwanza, mwachie mlangoni kwake uende zako. Hata mwenye hasira huwa na njaa.

La mwisho ni gumu, na ningependa kukuficha, ila wewe umeshafichwa mengi. Usiingie kanisani ukiwa na tumaini kwamba Jethro atasimama. Mtu aliyemkana mkewe jikoni, mbele ya mama yake na wageni wawili, hawezi kumtetea mbele ya kanisa zima. Akisimama, mshukuru Mungu, na unitumie barua niandike kwamba nilikosea, nitafurahi sana kukosea. Lakini panga mambo yako kama mtu aliye peke yake, kwa sababu siku ile nyama ilipokataa kuiva ndipo ulipobaki peke yako. Keti benchi la mbele. Wakikuita, usigeuke kumtazama kuona kama atasimama. Simama wewe.

Bi Batuli