Ndimu Kavu na Gofu ya Babu

Jumamosi, 1 Februari 1969

Jambo hili sijapata kumwambia mtu: simwamini Babu. Nampenda, lakini simwamini.

Leo asubuhi tena, kabla sijaenda skuli, alikuwa uani anapiga ndimu kavu kwa bakora. Ndimu za Bibi, zile nyeusi za kutilia mchuzi. Moja iligonga ukuta ikapasuka. Bibi akatoka na mwiko. "We mzee, ndimu zangu zina kosa gani?" Babu akamjibu, "Kosa lao hazidundi." Ndiyo asubuhi zetu.

Anasema ujanani mwake, Unguja, kabla ya vita vya Mjerumani, kazi yake ilikuwa kucheza gofu. Kazi, ya mshahara. Mtoto wa Mwarabu mwenye mashamba ya karafuu, analipwa na Wazungu kwa kupiga kimpira! Nani ataamini?

Jumatatu, 3 Februari

Nimemhoji kama wakili. Alianza kwa kubeba mifuko ya fimbo. Akajifunza kuzichonga na kuzitengeneza. Halafu akawa anawafundisha wakubwa wa serikali na wake zao. Mwisho wakampeleka Mombasa kwa meli, na Nairobi kwa treni, acheze na mafundi wa klabu nyingine. Alishinda kikombe.

Kikombe kiko wapi? Unguja. Picha je? Unguja.

Kila kitu chetu kiko Unguja. Tulipokuja Maskati tulikuja na nguo za mwilini. Ushahidi wa namna hiyo hata muongo anao. Nimeandika hivyo na nimeona haya, lakini sifuti.

Ila kuna jambo moja. Alisema, bila ya kuulizwa, kuwa hakuruhusiwa kuingia ndani ya klabu. Hata siku ya kikombe, chakula aliletewa kwenye ngazi za nyuma. Mtu anayejisifu kwa uongo si angejiweka mezani?

Nafikiri.

Alhamisi, 6 Februari

Nimemuuliza Baba. Ilinichukua siku tatu kupata ujasiri. Alikuwa anafunga kilemba aende kazini, kule kambini kwa kampuni ya mafuta, yeye ni karani. "Maneno ya uzee hayo. Soma vitabu vyako."

Hakunitazama. Baba akisema kweli humtazama mtu.

Jumatano, 12 Februari

Babu kamimina kahawa pembeni ya kikombe. Sote tumeona. Macho yake yana ukungu tangu mwaka jana. Sasa bakora inaikosa ndimu, inapiga vumbi tu. Bibi hagombi tena. Leo kamwekea ndimu sahanini, kaondoka. Hilo limenitisha kuliko kahawa.

Baba amemwombea ruhusa aonwe na daktari wa kambini, Ijumaa. Mimi nitakwenda kumshika mkono.

Babu akamuuliza Baba, "Huko kwenu Wazungu wanacheza gofu?"

Baba akasema, "Mchangani, Baba? Nyasi watapata wapi?"

Kweli, nikafikiri. Gofu bila ya nyasi itakuwaje?

Ijumaa, 14 Februari

Naandika yote, nisije nikasahau.

Daktari alimwangalia muda mrefu. Jicho la kushoto limekwisha. La kulia lina wiki chache, labda. Baba alifasiri polepole. Babu akasema alhamdulillahi, akaomba ndara zake.

Tulipotoka, alasiri ilikuwa imeingia. Nyuma ya zahanati kuna uwanda wa mchanga mpaka kwenye vilima. Wazungu kadhaa walikuwa wanatembea huko, kila mmoja na kipande cha zulia kimekunjwa begani. Babu akasimama. Akakaza jicho lake moja.

"Mashaallah! Wamesilimu hawa?"

Hata mimi niliona misala. Mzungu mmoja, mnene, mwenye kofia ya majani, akalitandika zulia lake mchangani, akalinyoosha kwa mguu. Babu akaniachia mkono. "Twende tukasali jamaa." Kabla Baba hajamwahi, amekwishavua ndara, amesimama nyuma ya yule bwana, safu moja peke yake, mikono ubavuni, anangoja takbira.

Yule bwana akainua fimbo, akapiga.

Kumbe! Hawana nyasi, kwa hiyo kila mtu hubeba kipande cha zulia, huuweka mpira juu yake. Na kule mwisho wa uwanja, penye shimo, mchanga wameumwagia mafuta ushikamane, mweusi kama sufuria. Nilitaka kwenda kuushika.

Lakini Babu alikuwa amesikia mlio. Uso wake ulibadilika.

"Gofu," alisema. Akamgeukia Baba. "Nawe ulijua."

Baba akatazama chini.

Bwana mnene aligeuka, akamkuta mzee pekupeku nyuma yake, akashtuka, kisha akacheka. Babu akazungumza naye. Kwa Kiingereza! Sikuwahi kumsikia. Bwana akampa fimbo, akawaita wenzake waje watazame.

Babu akakosa. Vumbi. Akakosa tena. Wakacheka, si kwa ubaya, lakini walicheka. Nilitamani ardhi inimeze. Na nilifikiri, Mungu anisamehe, basi, jibu ndilo hili. Bwana akanyoosha mkono arudishiwe fimbo yake.

Baba akamzuia. Baba, ambaye kambini huongea kwa sauti ya chini kabisa. Akapiga magoti mchangani na kanzu yake ya Ijumaa. Akauweka mpira sawa. Akaushika mguu wa kushoto wa Babu, akausogeza.

"Bega limepanda, Baba. Teremsha. Ndivyo ulivyonifundisha Unguja, Mnazi Mmoja."

"Nilikufundisha pia unyamaze mtu anapopiga."

Akapiga.

Mlio ulikuwa mwingine, mkavu, mfupi. Bwana mnene aliufuata mpira kwa macho, kichwa kikapanda, kikashuka taratibu. Hakuna aliyecheka. Mimi sikuona ulipoangukia. Nilikuwa namtazama Baba, magoti yake bado mchangani.

"Umekwenda wapi?" Babu akauliza.

"Umenyooka, Baba. Umenyooka sana."

Tukasali palepale. Bwana alitaka kutupa zulia lake tusalie. Babu akakataa: hilo la kupigia.

Njiani, katika gari ya kampuni, Baba aliongea nyuma ya usukani, kama hayuko nasi. Skulini Unguja walimwita mtoto wa mpiga vijiti. Baba yake Babu alimkataza Babu kukaa barazani penye wageni. Familia yetu haipokei ujira kwa mchezo, alisema. "Tulipofika hapa nikaona hakuna anayejua. Nikaona bora ibaki hivyo."

Tukafika mlango wa mji. Halafu Babu, "Mimi sikuona haya, Saidi. Ulipiga vizuri ulipokuwa mdogo."

Jumamosi, 15 Februari

Sikuweza kusoma skulini. Nina hasira na Baba. Nina hasira na mimi mwenyewe zaidi. Nilitaka kikombe na picha, na ushahidi ulikuwa ukipasua ndimu mbele yangu kila asubuhi.

Alhamisi, 27 Februari

Idi. Jicho la kulia sasa linaona mwanga wa mlango tu.

Baada ya chakula nikakata pembe ya mkeka mbovu, nikaitandika uani. Bibi akanipa ndimu bila ya kuombwa. Sikumwendea Babu. Nilimwendea Baba, nikampa bakora, nikamwomba anifundishe. Alitazama mlango wa nje, kuona kama uko wazi. Ulikuwa wazi. Hakuufunga. Akanionyesha mikono inavyokaa.

Babu alikaa kwenye kiti chake, anasikiliza.

Nikavua ndara. Nikapiga, nikakosa.

"Kichwa," Babu akasema.

Nikainamisha kichwa, nikapiga tena.